Kahawa ya Namukose

Watu wa Nakaloke waliujua upinde wa Namukose kabla hawajamjua mwenyewe. Asubuhi, mnada ukiwa bado haujachangamka, sauti yake ilisikika kutoka kwenye kibanda cha kando ya barabara ya Mbale. Dung, dung, dung, kama mtu anayepiga zeze lenye uzi mmoja tu. Ukisogea ulimwona mwanamke mrefu, mkavu, amekaa chini na kitambaa kichwani. Mbele yake palikuwa na kichuguu cha pamba chafu, na mkononi alishika upinde wa mti wenye uzi wa mshipa wa ng'ombe. Aliuzamisha uzi ndani ya pamba, akaupiga kwa kigongo, na pamba ikaruka juu, taka zikianguka chini na nyuzi zikibaki hewani nyeupe. Magodoro yake hayakuwa na vibonge. Mwenye mtoto mchanga aliambiwa na wenzake, "Nenda kwa Namukose."

Kando yake alikaa mwanamume mwenye mguu mmoja uliopinda, akikata viatu vya mpira wa gari. Huyu alikuwa Cleophas, Mjaluo wa upande wa Kisumu. Na kila mgeni aliyewakuta pale aliuliza swali lile lile.

"Huyu ni mume wako?"

"Ni kaka yangu," Namukose alijibu.

"Wewe Msoga, yeye Mjaluo. Kaka gani huyo?"

"Kaka wa kula kahawa."

Wengine walicheka. Wengine, wale waliojua maana yake, walimtazama upya.

Namukose alizaliwa karibu na Wanyange, mahali ambapo ziwa linaonekana kutoka mlangoni. Aliolewa mapema, akaishi na mume mpole asiyejaliwa afya, na alipofiwa naye hakuwa na mtoto. Matanga yalipomalizika, wazee wa ukoo walimweka katikati wakamwambia kwamba shemeji yake atamrithi. Shemeji alikuwa amekaa palepale, akitafuna muwa, tayari ameshamtazama kama mtu anavyotazama shamba alilopewa.

"Sitaki," Namukose alisema.

Walidhani ni uchungu wa msiba. Wakamwacha kidogo, wakarudi, akasema vilevile. Alikimbilia kwa ndugu zake wa kuzaliwa, nao wakamrudisha, kwa sababu ng'ombe wa mahari walikwisha kutumika kumwolea mdogo wao mke, na hakuna aliyetaka kesi. Walipomrudisha mara ya pili, aligeuka njiani kabla ya kufika. Akaishika njia ya Jinja akiwa na kikapu kimoja na blanketi.

Mwaka huo mji wa Jinja ulikuwa umejaa watu. Bwawa lilikuwa linajengwa mtoni, na kila aliyekuwa na mabega alikuja kutafuta kazi. Palipo na wanaume wengi hivyo, mwanamke anayelala nje ana kazi ya ziada ya kujilinda. Namukose alilala kwenye baraza za maduka ya Wahindi, mgongo ukutani, na mbele yake alitandaza makopo matupu ili mtu akikanyaga yalie. Aliwajua walevi kwa miguu yao. Aliwajua pia wale wasiokunywa pombe, na hao ndio aliowaogopa zaidi.

Mchana alikwenda kwenye reli. Marobota ya pamba yalipopakiwa, mengine yalipasuka, na nyuzi zilitapakaa kwenye changarawe na kunasa kwenye nyasi. Hakuna aliyezijali. Namukose alizikusanya kwa ufagio na kuzitia guniani, kwanza kwa ajili ya kulalia tu. Lakini mbele ya duka la Vasant, mfanyabiashara wa vitambaa, alikuwa akija mzee mmoja wa Kihindi, mtengeneza magodoro, na upinde wake. Namukose alikaa mbali akamtazama. Alimtazama siku nyingi bila kusema neno, mpaka mzee mwenyewe akamwita.

"Wewe napenda hii kazi?"

"Napenda, bwana."

"Basi shika. Si nguvu. Sikia mlio. Mlio mbaya, pamba mbaya."

Mzee huyo alipokwenda kuishi kwa mwanawe Kampala, alimwachia upinde wake wa zamani. Urmila, mke wa Vasant, akawa mteja wa kwanza. Alikuwa mama mkali wa maneno lakini hakuweza kuona mtu akitazama chapati bila kumpa. "Godoro la mtoto wangu likiwa na jiwe moja, nitakutafuta mpaka mwisho wa Busoga," alimwambia. Halikuwa na jiwe.

Kutoka barazani Namukose alihamia kwenye ghala kuukuu la mabati lililokuwa pembezoni mwa reli, limekwisha kung'olewa milango. Huko ndiko alikomkuta Namono.

Namono alikuwa kikongwe wa Kigisu. Alikuwa amekaa kwenye kona na furushi la vitu vyake magotini, na Namukose alipoingia alimsalimu kana kwamba ndiye mwenye nyumba.

"Mulembe, mwanangu. Karibu. Umechelewa leo."

Hawakuwa wamewahi kuonana. Namukose alitaka kusema hivyo, kisha akaona miguu ya yule mama, ilivyovimba na kupasuka. Akapiga magoti akamsalimu kama alivyofundishwa kusalimu wakubwa, akaenda kuteka maji ya kumkanda.

Akili ya Namono ilikuwa inakuja na kwenda. Alikuwa ameolewa Busoga ujanani, mume akafa, watoto wakafa, na wajukuu hawakuwapo. Siku nyingine alijua yote hayo. Siku nyingine alimwita Namukose kwa jina la binti yake. Kitu kimoja hakukisahau kamwe, nacho ni nyumbani kwao Nakaloke, kwa baba yake, ambako palikuwa na mwamba mpana wenye mashimo mawili ya kusagia wimbi, moja la mama yake na moja la shangazi yake.

"Mimi nitarudi kule," alisema. "Mashimo yangu yananingoja."

"Utarudi, mama."

"Nawe tutakwenda wote."

"Tutakwenda, mama," Namukose alijibu, kama mtu anavyomjibu mtoto anayeomba mwezi.

Cleophas alikuja kwa mkongojo. Alikuwa utingo wa lori lililobeba mizigo kutoka Kenya, na siku moja magunia yalimwangukia akiwa anafungua turubai. Dereva alimfikisha hospitali, akaendelea na safari, hakuonekana tena. Cleophas alitoka hospitali na mguu uliounga vibaya. Mama yake alikuwa amekufa, baba hakumjua, na kwa mjomba aliyemlea alikuwa ameondoka kwa ugomvi. Alifika ghalani jua likiwa linaelekea kuzama, akasimama mlangoni pasipo na mlango, akabisha hodi kwenye bati.

"Hodi wenye nyumba! Kuna nafasi ya mtu mmoja na nusu mguu?"

Namono alicheka mpaka akakohoa. Namukose hakucheka. Alimwonyesha upande wa pili wa ghala, akatandaza makopo yake katikati.

"Ya nini haya, mama?"

"Yakilia, nina panga."

"Nikiyafikia na mguu huu, nipe zawadi."

Makopo yale yalikaa pale msimu mzima. Namukose alimchunguza Cleophas kama mama anavyomchunguza mtu anayemchumbia binti yake. Aliona kwamba anapopata chakula humpa kikongwe kwanza. Aliona kwamba akilewa hulala tu. Aliona pia kwamba, Namono alipokuwa akitangatanga kwenye reli akimtafuta binti yake aliyekufa, Cleophas alikuwa akimfuata kwa mkongojo wake, hamkamati wala hamkemei, anamtajia tu majina ya vituo vya treni mpaka kikongwe achoke na kugeuka. Siku moja Namukose aliyaokota makopo akapanda vitunguu ndani yake.

Ndipo homa ikamshika Cleophas. Ilimshika vibaya, akaanza kuongea na mama yake kwa Kijaluo. Namukose alimpakia kwenye mkokoteni wa kukodi wa mchuuzi mmoja wa Mafubira akamsukuma mpaka hospitali. Mlangoni mlinzi alimzuia.

"Wewe nani yake?"

"Tunakaa pamoja."

"Mke wake?"

"Hapana."

"Dada yake?"

Namukose aligeuka akamtazama Cleophas mkokotenini.

"Basi ngoja nje. Ndani ni ndugu tu."

Alingoja nje ya uzio. Mvua ikanyesha, akangoja. Alimwona mgonjwa mmoja akitolewa amefunikwa shuka, na hakujua kama ni yeye. Akaita jina la Cleophas kwa sauti mpaka mlinzi akaja kumfukuza. Hakuna aliyemwambia lolote. Alirudi kila siku, uji kwenye kopo, na kila siku uji ulipokelewa na mikono asiyoijua. Siku Cleophas alipotoka mwenyewe, amekonda kama fito, Namukose alikaa chini kwenye majani akalia, na Cleophas akasimama mbele yake hajui afanye nini.

"Unalia nini sasa? Si nimepona?"

"Ungekufa, wangekuzika bila kuniambia. Mimi si mtu wako."

Jioni hiyo, wakiwa wamekaa mbele ya ghala, Cleophas alikoroga majivu kwa kijiti, akasema bila kumtazama, "Basi tuoane. Nyumba ipo, tena imejengwa na mtu mwingine. Bibi harusi yupo. Bwana harusi amepungua kidogo tu hapa chini."

Namukose alicheka, kisha akatikisa kichwa.

"Cleophas, mume nilikuwa naye. Na nilipokosa mume, wakataka kunipa kwa mwingine kama jembe. Nikiwa mke wako, siku utakayokufa atatokea mjomba wako aseme mimi ni wake."

"Mjomba wangu? Yule hawezi hata kukamata kuku."

"Sikutanii. Mume sitaki tena. Kaka ndiye sikupata. Wale wa kwetu walinirudisha njiani."

Basi akamweleza habari ya mukago. Kwa Wasoga, kama kwa Waganda, watu wawili wasiozaliwa pamoja wanaweza kuwa ndugu kwa kula kahawa. Tunda moja la kahawa lina punje mbili zilizolala kwenye ganda moja, kama pacha tumboni. Kila mmoja hujichanja karibu na kitovu, akaipaka punje yake damu, akampa mwenzake aile. Wakishakula wamekuwa tumbo moja. Nyumba ya huyu ni ya yule, kilio cha huyu ni cha yule. Na kuoana hawawezi tena, kama dada na kaka wasivyoweza.

"Hili la mwisho ndilo unalolitaka," Cleophas alisema.

"Hilo nalitaka sana."

Cleophas alifikiri. "Mimi nimebatizwa."

"Kahawa haibatizi mtu."

"Na kwetu mtu akisikia nimekula damu ya Msoga?"

"Nani wa kwenu atakayesikia?"

Cleophas aliinua mabega, akatupa kijiti majivuni. Siku ya pili Namukose alikwenda Mafubira kwa mwanamke mmoja, mteja wake wa magodoro, akaomba tunda moja la kahawa kutoka kwenye mti uliokuwa nyuma ya jiko. Lazima liwe bichi na zima. Punje iliyokwisha kukobolewa haina pacha wake. Namono ndiye aliyelipasua kwa ukucha, maana siku hiyo akili yake ilikuwa safi kabisa. Aliwashikia punje zote mbili kwenye kiganja chake mpaka zilipopakwa, ndipo akawapa.

"Mimi ndiye niliyewashika," alisema. "Kama mkunga. Atakayemtupa mwenzake, mkono huu unamwona."

Cleophas alimeza akakunja uso. "Lo, ni chungu! Nyaminwa, mngetia hata sukari."

Nyaminwa, kwa Kijaluo, ni dada yetu. Hakumwita tena kwa jina lingine mpaka mwisho.

Ulikuwa umepita msimu mmoja tu wa masika tangu kahawa ile, mji ulipoanza kutayarishwa kwa sherehe ya kufungua bwawa. Mawe ya kando ya barabara yalipakwa chokaa, bendera zikatundikwa, na agizo likatoka, hakuna aliyejua kwa nani, kwamba wasio na makazi waondolewe mjini na kila mtu arudishwe kwao. Askari walifika ghalani asubuhi, Namukose akiwa anamwosha Namono uso.

"Mama, kusanya vitu."

"Tunakwenda wapi, afande?"

"Kwenu."

Kwenye banda walilopelekwa palikuwa na watu wengi wa namna yao, na karani mmoja kwenye meza. Karani huyo alikuwa kijana mwenye sura ya kuchoka, si mbaya. Alimuuliza kila mtu anatoka wapi, akampangia lori. Namukose alisikiliza waliokuwa mbele yake. Wa Busoga upande huu. Wa Bukedi upande ule. Wakenya, wote, kwenye lori la mpakani. Aliwaona marafiki wawili waliokuwa wakiuza maji pamoja wakitenganishwa, mmoja akimtupia mwenzake koti lake juu ya vichwa vya watu.

Zamu yao ilipofika, Namukose alipiga magoti akasalimu, akataja wanakotoka.

"Huyu mlemavu ni Mkenya," karani alisema. "Lori la mpakani. Wewe ni wa Wanyange, ni karibu tu, utapelekwa kwa mume."

"Mume amekufa."

"Kwa watu wa mume, basi. Wapo?"

"Shemeji yuko." Alimwona shemeji yule na muwa wake kana kwamba amekaa palepale mezani. "Bwana karani, mimi na huyu hatutengani."

Karani aliwatazama, akaelewa alivyoelewa. Aliinama mbele, akapunguza sauti. "Mama, mume na mke wanakwenda pamoja, hiyo ipo. Sema ni mume wako, na kwamba mna pa kwenda. Niwaandike mmoja baada ya mwingine, nimalize."

Kutoka kwenye foleni iliyofika nje mtu alidakia, "Sema, mama! Sema tupite, jua linatuunguza!"

"Sema, nyaminwa," Cleophas alimnong'oneza. "Ni neno tu. Tukishapanda lori tunalitema."

Namukose alifungua mdomo. Alijua wazi kilichokuwa mezani. Akisema neno lile, wanabaki pamoja. Asiposema, Cleophas anashushwa mpakani kama gunia, na yeye anarudishwa kwenye ile nyumba. Lakini alikumbuka punje kwenye kiganja cha Namono. Angemwitaje mume mtu wa tumbo lake? Hata kwa mzaha, hata kwa kudanganya karani, mtu hasemi hivyo juu ya kaka yake. Na akianza kwa kusema hivyo, kitu gani kitabaki kati yao zaidi ya watu wawili waliokutana ghalani?

"Si mume wangu," alisema. "Ni kaka yangu. Tumekula kahawa."

Banda zima likaangua kicheko.

"Mama, wewe Msoga na yeye Mjaluo!"

"Wangeoana tu wangekuwa wamepita!"

"Kahawa! Mngekula nyama mngekuwa wazazi wa mji mzima!"

Karani hakucheka. Alikuwa mtu wa huku huku, na babu yake huenda alikuwa na mukago. Lakini alikuna kichwa. "Mama, mimi nakusikia. Karatasi haina mahali pa kahawa. Ndugu wana baba mmoja au mama mmoja. Mama yenu ni nani?"

Namukose aliinamisha kichwa. Hapo ndipo Namono, aliyekuwa amekaa chini na furushi lake akitazama bendera, alipoinua mkono.

"Mimi," alisema.

"Wewe bibi ni wa wapi?"

"Nakaloke. Kwa baba yangu. Pale kwenye mwamba wa kusagia." Alisimama kwa kumshika Cleophas bega. "Hawa niliwashika kwa mkono huu. Huyu mkubwa, huyu mdogo. Wewe kijana, mimi ni mzee, siwezi kwenda peke yangu. Utanituma Bugisu bila watoto wangu, nikapotelee njiani?"

Namukose hakujua kama kikongwe anajua anachosema au kama akili imekwenda tena kwenye watoto wake waliokufa. Alimtazama machoni, na Namono akamtazama, macho makavu na safi kama siku ile ya kahawa.

"Mama na watoto wawili, Nakaloke," karani alisema, akishusha pumzi. "Lori la Mbale. Pandeni kabla sijafikiri."

Urmila alikuja mbio mpaka kwenye lori na upinde uliosahauliwa kwenye baraza ya duka lake, pamoja na chapati kwenye kitambaa. "Godoro la pili la mtoto hukumaliza," aliwaka, huku machozi yakimtoka. "Mwisho wa Busoga nilisema. Sasa unavuka mpaka Bugisu!"

Njia nzima Namukose hakufurahi. Alikuwa mtu wa kuhesabu hatari kabla ya kufika. Je, kama hakuna mwamba? Je, kama ulikuwa ndoto ya kikongwe? Milima ya Wanale ilipoanza kuonekana, Namono hakuitambua. Waliposhushwa Nakaloke alitazama maduka na misikiti midogo akasema, "Hapa si kwetu. Kwetu kulikuwa na miti."

Waliuliza, wakatembea, wakauliza tena, mpaka wakaelekezwa kwenye boma la mtu aitwaye Dauda, mwana wa kaka yake Namono. Dauda alikuwa Mwislamu mwenye ndevu fupi na mashamba ya pamba. Alisikia jina la shangazi yake akasimama kama aliyepigwa. Walidhani amekufa zamani. Alimkumbatia, akamwita mkewe, akachinja kuku. Kisha akawageukia wale wawili.

"Na nyinyi mmemsindikiza. Asanteni sana. Mtakula, mtalala, kesho mtapata lori."

Namukose alipiga magoti akamweleza kila kitu, bila kuficha. Dauda alisikiliza mpaka mwisho, na alipofika kwenye damu akainua kiganja.

"Mama, mimi nawaheshimu. Lakini sisi ni Waislamu. Kula damu ni haramu, siwezi kukifanya kitu cha haramu kiwe ukoo wangu. Watu watasema nini? Kesho atakuja Mjaluo mwingine na kahawa yake."

Hakuwa mtu mbaya, na hilo lilimuumiza Namukose zaidi, kwa sababu hakuwa na wa kumkasirikia. Alisimama, akamwambia Cleophas achukue mkongojo wake. Alimuaga Namono kwa kumshika miguu yote miwili, ile aliyoikanda siku ya kwanza.

Lakini Namono naye alisimama. Alikwenda nyuma ya nyumba, polepole, akishika ukuta, na wote wakamfuata. Kulikuwa na kichaka cha migomba, na chini yake mwamba mpana uliofunikwa na majani makavu. Kikongwe aliyafagia kwa mkono. Mashimo mawili yalikuwepo, yamejaa maji ya mvua. Aliketi kando ya moja.

"Hili la mama yangu," alisema. "Na hili lilikuwa la shangazi, ambaye hakuzaliwa hapa. Alikutwa njiani mwaka wa njaa, bibi yangu akamleta. Baba yako, Dauda, alibebwa mgongoni kwake. Alikuwa mtu wa nani?"

Dauda aliinama, akaokota jani lililobaki kwenye mwamba.

"Mimi nakaa hapa. Watoto wangu wakiondoka, nitakwenda nao, na nimechoka kutembea."

Dauda alitazama lile shimo la pili. Mwishowe alisema kwamba kando ya barabara kuna kibanda alichokuwa akiweka pamba, kinavuja kidogo. Wakae mpaka mavuno. Halafu wataona.

Walikaa mpaka mavuno, na hakuna aliyesema lolote. Cleophas aliziba bati. Namukose alianza kuokota pamba iliyodondoka kwenye njia ya kwenda kwenye kinu cha kuchambulia pamba, na dung dung ikaanza kusikika. Kila asubuhi, kabla ya kazi, alikwenda bomani kumwosha Namono, kumsuka na kumlisha uji, na siku kikongwe alizopotewa na akili, Namukose alikubali kuitwa jina la marehemu bila kusahihisha. Mke wa Dauda aliyaona hayo. Dauda aliyaona pia. Siku moja alileta mbao za mlango, akaanza kuutia mwenyewe, akigongomea misumari.

"Kahawa yenu siikubali," alimwambia Namukose. "Usije ukasema niliikubali."

"Sitasema, baba."

"Lakini upepo wa huku unaingia vibaya."

Hata hivyo Namukose hakulala salama. Miaka yote ile alijua wamekaa pale kwa sababu ya kikongwe mmoja, na kikongwe huyo alikuwa anapungua. Alimlisha kwa hofu. Kikohozi kidogo tu cha Namono kilimkosesha usingizi, kwa mapenzi, na pia, alikiri moyoni, kwa kuogopa lori.

Namono alikufa mwaka wa hamsini na tisa, asubuhi, kichwa chake kikiwa kwenye mapaja ya Namukose na kitana bado kimo kwenye nywele. Watu wa ukoo walikuja kutoka milimani, wengi ambao hawajawahi kumwona. Namukose na Cleophas walikaa nyuma kabisa, karibu na wapishi. Namukose alikuwa amekwisha kufunga upinde wake kwa kamba, na blanketi limekunjwa. Hakutaka kuambiwa, alitaka awe tayari.

Baada ya maziko, mzee mmoja wa ukoo akaleta wembe na kibakuli cha maji. Watoto wa marehemu hunyolewa kichwa, ili kila atakayewaona njiani ajue ni wafiwa.

"Marehemu aliacha nani?" mzee aliuliza. "Walikufa wote, si ndiyo? Basi tufunge."

Dauda alikuwa amesimama karibu na kaburi, mikono ina udongo. Alitazama juu ya vichwa vya watu mpaka akawaona wapishi.

"Aliacha wawili," alisema. "Namukose, njoo. Na kaka yako."

Namukose alipita katikati ya watu waliompisha njia, Cleophas nyuma yake akigonga mkongojo. Alipiga magoti mbele ya mzee akavua kitambaa. Nywele zake, ambazo zilikuwa zimeanza mvi, zilianguka kidogo kidogo mapajani mwake. Hakuna aliyecheka na hakuna aliyeuliza ni dada wa nani. Wembe ulipomfikia Cleophas, aliinama akamnong'oneza dada yake, macho yamejaa machozi.

"Nyaminwa, kichwa chako kimekaa kama yai la bata."

"Nyamaza," alisema. "Tuko msibani kwetu."

Matanga yalipokwisha alirudi kibandani. Alifungua kamba ya upinde, akaukaza uzi, akaupiga mara moja bila pamba ili asikie mlio. Kisha akamwita Cleophas alete gunia.